Kiungo wa Rochdale, Kiungo wa Nzega

Vijana wenzangu mnaoandika, leo sikuja kwa salamu. Nina kesi nanyi, na mimi mwenyewe ni mshitakiwa namba moja. Kaeni mkao wa kula, maana sitapiga chenga.

Ilikuwa Jumapili usiku, Januari 21, 2024, kwenye banda la video nyuma ya stendi hapa Nzega. Kiingilio shilingi 500, mabenchi ya mbao, jasho la watu mia na feni moja inayozunguka kwa huruma. Taifa Stars walikuwa San-Pédro, Ivory Coast, wanacheza na Zambia kwenye Kombe la Mataifa ya Afrika. Mechi ya kwanza Morocco walikuwa wametufunga 3-0. Safari hii Simon Msuva aliwahi kufunga dakika ya 11, banda likataka kung'oka. Wakati wa mapumziko mshikaji mmoja akatoa simu, akaanza kutusomea orodha ya kikosi, jina na timu anayotoka mchezaji. Akafika kwenye jina la Tarryn Allarakhia, kiungo. Timu: Rochdale.

"Rochdale ndiyo nini? Dawa ya minyoo?"

Watu wakacheka mpaka benchi moja likavunjika mguu. Mwingine akadakia kwamba hiyo ni timu ya daraja la tano Uingereza. Loo! Hapo ndipo maneno yakamwagika. Daraja la tano! Basi hata mimi ningeitwa. Basi hata konda wa Igunga angeitwa. Zambia waliposawazisha dakika ya 88, kosa likawa la Rochdale, na hakuna aliyeuliza kwanza nani alikuwa uwanjani na nani alikuwa benchi.

Nami nilicheka. Siyo siri, nilicheka kuliko wote, maana mimi ndiye ninayejiita mwandishi pale kijiweni na utani wangu hungojewa.

Nyuma kabisa alikuwa amekaa mzee mmoja aliyewahi kuwa karani wa chama cha msingi cha pamba. Alisubiri tumalize, kisha akasema polepole, "Wajukuu zangu, Rochdale mnaicheka? Sisi tulifundishwa Rochdale kabla baba zenu hawajaoa." Halafu akanyamaza, akaendelea kutazama mpira. Tukadhani mzee kachanganyikiwa.

Siku chache baadaye nilimfuata kwake. Akanieleza, nami nikaenda kutafuta, nikakuta ni kweli tupu. Mwaka 1844, kwenye mji huohuo wa Rochdale, watu 28, wakiwamo wafumaji waliochoka kupunjwa madukani, walichanga vijisenti vyao wakafungua duka lao wenyewe. Walianza na bidhaa za kuhesabika, unga, siagi, sukari, shayiri na mishumaa. Kanuni walizojiwekea ndizo zilizokuja kuwa msingi wa vyama vya ushirika duniani, pamoja na hivi vya pamba na tumbaku ambavyo babu zetu wa Nzega, Igunga na Urambo walijiunga navyo. Ile Igembensabo yetu, ambayo jina lake tu linakwambia kwamba jembe ni mali, ni mjukuu wa duka lile. Sasa ninyi mashabiki wa Manchester United mliojaa kila kona ya mji huu, mnajua Rochdale iko wapi? Iko kilomita kama 16 tu kutoka hiyo Manchester yenu. Mnajua namba ya kiatu cha mshambuliaji wenu, lakini jirani yake hamumjui.

Jambo lililonigusa kwa mzee yule si siagi wala mishumaa. Nilimwuliza, kwani wafumaji wangapi walikopeshana na kusaidiana duniani kabla ya hao 28? Akasema wengi, tena wengi sana. Sasa kwa nini tunawajua hawa? Akanijibu neno moja: "Daftari." Waliandika. Nani katoa kiasi gani, mkutano ulisema nini, faida imegawanywa vipi. Haikupita miaka 15, mwandishi George Holyoake akachapisha habari zao, kitabu kikasambaa. Watu wadogo wa mji mdogo, wenye daftari.

Shikeni hilo neno. Sasa turudi kwenye mpira.

Huyu Tarryn Allarakhia ni nani? Ni kijana mwenye asili ya Tanzania aliyezaliwa London mwaka 1997. Hakulelewa kwenye zulia jekundu. Alipita Maldon & Tiptree, timu ambayo hata Waingereza wengi wataitafuta kwenye ramani. Akaenda Colchester United. Mwaka 2018 akasajiliwa na Crawley Town ya daraja la nne. Mwaka 2021 akaondoka pale, akashuka ngazi moja, akaichezea Wealdstone, timu ya pembezoni mwa London, daraja la tano. Mwaka 2023 akahamia Rochdale, na Rochdale wenyewe walikuwa na msiba: msimu uleule walikuwa wameporomoka kutoka daraja la nne, baada ya miaka 102 bila kutoka ndani ya ile ligi ya timu 92 za juu. Waliingia 1921, wakatoka 2023. Kijana akajiunga nao wakati jeraha bado bichi. Na kutoka hukohuko chini akaitwa timu ya taifa, akavaa jezi yenye bendera yetu.

Hayo ndiyo maisha ya mchezaji wa madaraja ya chini. Leo una mkataba, kesho huna. Msimu huu unacheza mbele ya watu elfu tatu, msimu ujao mbele ya mia nane, kwenye mvua, kwenye uwanja ambao mpira ukitoka nje unaangukia bustani ya bibi wa watu. Hakuna anayekununulia jezi yako Nzega. Yeye anafanya nini? Anaamka anakwenda mazoezini. Mimi na wewe tuliwahi kukatishwa tamaa na shairi moja lililorudishwa na mhariri, tukaacha kuandika miezi sita! Tena kwa mdomo huohuo tunamcheka mtu aliyeachwa, akashuka, akaendelea.

Lakini kesi yangu si kumtetea Tarryn. Hanihitaji. Kesi yangu ni hii hapa.

Nikitaka kujua Tarryn alicheza dakika ngapi siku fulani ya mvua kwenye daraja la tano, nitajua. Nitajua alianza au aliingia akitokea benchi, nani alitoka, alipewa kadi au hakupewa, goli lilifungwa dakika ya ngapi na watu wangapi walilipa kiingilio. Kuna mtu kule, pengine mzee mstaafu mwenye mwavuli, pengine kijana wa gazeti la mji, aliyekaa akaandika. Daraja la tano, lakini limeandikwa!

Haya, hesabuni na mimi. Tanzania tuna Ligi Kuu. Chini yake Championship. Chini yake First League. Halafu mashindano ya mikoa, halafu ligi ya wilaya. Umefika la ngapi? La tano. Kwa hiyo kiungo wa timu ya mtaani kwako hapa Nzega, anayecheza ligi ya wilaya jioni ya vumbi, ni mchezaji wa daraja la tano kama alivyokuwa yule wa Rochdale siku ile. Niambie basi: mwaka juzi alicheza mechi ngapi? Alifunga mangapi? Nani alikuwa naye katikati? Kimya. Hata bingwa wa mwaka ule ukiuliza vijiweni vitatu utapata majibu manne.

Namjua kiungo mmoja. Sasa ni mtu mzima, ana kibanda cha kuziba pancha kando ya barabara ya malori yaendayo Rwanda na Kongo. Nilipokuwa mtoto nilipanda juu ya mwembe kumwona. Jamani, yule bwana alikuwa anakaba kama ana deni, akinyang'anya mpira anainua kichwa, anatoa pasi moja inayopita katikati ya watu wanne kama panya anayejua njia ya ghalani. Alicheza ligi ya wilaya, akacheza ya mkoa, akacheza makombe ya mbuzi na ng'ombe vijijini mpaka goti likasema basi. Miaka kama 14 ya mpira. Leo vijana wanampelekea tairi, wanamwita "fundi" na wanaondoka. Hawajui. Watajuaje? Hakuna mstari hata mmoja, popote pale, unaosema kwamba mtu huyu aliwahi kugusa mpira.

Nani alipaswa kuuandika? Msinitajie viongozi wa mpira. Wana madhambi yao na siku yao itafika. Mimi nawauliza ninyi, wenye kalamu, mliokuwa juu ya mwembe pamoja nami.

Na aibu hii kwetu Unyamwezi ni mara mbili, kwa sababu si mara ya kwanza. Kabla ya reli, mizigo yote kati ya Bagamoyo, Tabora na Ujiji ilipita juu ya mabega ya watu, na wengi wa watu hao walikuwa babu zetu. Mpagazi alibeba frasila mbili, yaani kilo kama 32, pembe au vitambaa au shanga, miezi mitatu njiani. Kijana alikuwa hahesabiki mwanamume kamili mpaka ameiona bahari. Stanley alipita hapa mwaka 1871 akimtafuta Livingstone, na mwaka uliofuata kitabu chake kilikuwa sokoni. Tippu Tip naye alisimulia maisha yake kwa Kiswahili, tunayasoma mpaka leo. Na wapagazi? Wapagazi wametajwa kwa idadi. Mia na kitu. Kumi wametoroka. Watatu wamekufa kwa ndui. Wachache wenye majina, kama Chuma na Susi walioubeba mwili wa Livingstone hadi pwani, tunawajua kwa sababu alikuwapo mtu mwenye wino.

Kiungo ni mpagazi wa timu. Anautoa mpira kwa mabeki walioelemewa, anauvusha kwenye pori la katikati lenye miiba, anaufikisha kwa mshambuliaji, mshambuliaji anafunga, picha inapigwa. Nasi tulikwisha zoea kuwasahau wabebaji. Tuliwasahau wa pembe, tunawasahau wa pasi.

Najua majibu yenu. Nayajua kwa sababu nimekuwa nikijipa mwenyewe.

Jibu la kwanza: mpira si fasihi. Sisi tunaandika mashairi na hadithi, mambo ya mpira ni ya magazeti. Nani kawaambia? Shaaban Robert mwenyewe, ambaye picha yake mmeibandika ukutani, aliandika wasifu wa Siti binti Saad, mwanamke aliyekuwa akitembeza vyungu kabla ya kuwa mwimbaji. Hakuona haya. Alikuwa mshairi mkubwa, na bado aliona maisha ya mwanamke wa vyungu yanastahili kitabu kizima. Wewe uliyechapisha beti sita tu kwenye jarida hili umeshakuwa mkubwa mno kumwandika mziba pancha?

Tazameni tunachoandika. Nimepitia yale tuliyoleta kwa mhariri mwaka mzima. Mwezi umeandikwa, tena sana. Bahari imeandikwa na watu ambao hawajaiona. Theluji imeandikwa! Theluji, Nzega, ambako Oktoba hata mbuzi wanatafuta kivuli cha nguzo ya umeme. Lakini uwanja ulio hatua mia mbili kutoka hapa, ambao kila Jumamosi watu wanalia na kucheka, haumo hata kwenye hadithi moja. Mtu atakayesoma kurasa zetu miaka 50 ijayo atadhani Nzega ilikuwa mji wa pwani wenye baridi kali.

Jibu la pili: wenzetu wana fedha. Kweli, yule wa Rochdale wa daraja la tano alikuwa na mkataba na uwanja wenye majani. Sitabisha. Kiungo wetu hucheza na njaa na kesho yake anaamkia kibarua. Lakini daftari si fedha. Kaunta buku ya kwaya mbili inauzwa hapo dukani, na bei yake ni ndogo kuliko mnachotumia banda la video kwa wiki mbili. Saa unayo kwenye simu. Mwembe bado upo. Kinachokosekana ni makalio ya kukaa pale dakika 90 na kuandika nani kampa nani pasi.

Jibu la tatu, nalo ndilo linaloniudhi: karatasi hazichezi mpira. Zinacheza, bwana! Waulizeni Tabora. Agosti 2023, mkoa wetu ulikuwa umerudi Ligi Kuu baada ya kiu ndefu. Tangu Rhino Rangers washuke mwaka 2014 tulikuwa watazamaji tu. Mechi ya kwanza, ugenini kwa Azam, timu yetu ikaingia uwanjani na wachezaji wanane. Wanane! Walikuwapo watu wenye miguu na pumzi, ila mambo ya usajili hayakukaa sawa, basi wakakaa jukwaani wakiwatazama wenzao wanavyosulubiwa. Ikawa 4-0, na mchezo haukufika hata nusu saa, wachezaji wakapungua chini ya idadi, mwamuzi akavunja mpira. Siku ile nilijifunza kwamba mchezaji asiyeandikwa hayupo. Anaweza kuwa amesimama mbele yako na jezi mwilini, na bado hayupo.

Ndivyo ilivyo kwa kiungo wa Nzega. Wakala hatamwona, kocha wa mkoa hatamwona, mwanawe hatamwamini. Tarryn aliitwa Taifa Stars kutoka daraja la tano kwa sababu kuna mahali aliweza kuonekana: mechi zake zipo, dakika zake zipo, kocha akifungua anazikuta. Je, una hakika kwamba hapa kwetu hajapita kijana wa kiwango hicho? Mimi sina hakika. Nami siwezi kupata hakika hiyo maisha yangu yote, kwa sababu ushahidi uliishia kwenye vumbi.

Na ninyi mnaosema mnangoja mpaka mhamie Dar, mpate kampuni kubwa ya uchapishaji, ndipo muandike mambo mazito, mkumbukeni Aniceti Kitereza wa Ukerewe. Alimaliza kitabu chake kikubwa mwaka 1945, kwa Kikerewe, lugha ya kisiwa kimoja. Kilichapishwa kwa Kiswahili mwaka 1980, naye akafariki mwaka 1981. Miaka 35 kwenye benchi! Lakini alikuwa ameandika, kwa hiyo siku mlango ulipofunguliwa kulikuwa na kitu cha kutoa. Kama angengoja kwanza mchapishaji ndipo aandike, leo tungekuwa hatujui Wakerewe walivyooana, walivyovua na walivyozikana. Jarida letu hili nalo ni daraja la tano. Linapigwa chapa nakala chache, karatasi nyepesi, wino unatia doa vidoleni. Acheni kulionea haya. Chezeni humu kwa bidii kama mtu aliyeitwa timu ya taifa.

Kwa hiyo natoa hoja, na anayeipinga ajibu humuhumu, toleo lijalo, asije kunijibu kijiweni. Kila mwandishi wa jarida hili achukue timu moja ya wilaya. Moja tu. Aandike mechi zake zote za msimu: tarehe, uwanja, majina ya wachezaji wote, nani kafunga, nani kaumia, nani alikuja na baiskeli kutoka kijijini, akafika kipindi cha pili. Kisha aandike maisha ya mchezaji mmoja, na ninaomba awe kiungo. Mashairi ya mwezi yaendelee, mwezi haujamkosea mtu. Ila ukurasa mmoja uwe wa vumbi letu.

Nimeanza mwenyewe. Mwezi uliopita nilinunua kaunta buku, nikaenda kwa fundi wangu wa pancha. Nikamwambia mzee, shikamoo, nataka kuandika habari zako. Akacheka, akaendelea kusugua mpira wa baiskeli kwa msasa. Nikamwuliza ulicheza mechi ngapi. Akaacha kusugua. Akaanza kuhesabu kwa vidole, akataja mwaka, akataja timu, akarudi nyuma, akajisahihisha, akatazama barabarani kama kuna mtu anakuja kumsaidia. Hakujua. Miaka 14, na hata yeye hakujua.

Nilimwomba ruhusa niweke jina lake hapa. Alikataa. "Jina utaliweka ukishazipata mechi," akasema. "Bila mechi, nitakuwa nimejisifu."

Ndiyo maana humu hamkulikuta. Nimeshapata mechi nne. Mliokuwa nami juu ya mwembe, leteni nyingine.